Nahodha: shajara ya kutafuta asili ya jina letu

6 Januari

Leo nimefungua daftari. Mabaharia wa zamani walikuwa na batli ya kuandikia mwendo wa chombo. Mimi langu naliita shajara, maana kwa Kiarabu shajara ni mti, na ninachokitafuta ni mti wa ukoo. Nataka kujua jina Nahodha, linalokaa mwisho wa majina yetu sote nyumbani, limetoka wapi, na lilikuwa na maana gani kwa mtu wa kwanza kwetu kuitwa hivyo.

Ninachoanzia ni kidogo. Baba wa babu yangu aliitwa Nahodha, mtu wa Mkokotoni mwenye asili ya kisiwa cha Tumbatu, na kazi yake ilikuwa bahari. Tumekua tukiambiwa kwamba alimiliki jahazi, lililobeba karafuu za Pemba na boriti za Rufiji. Mwaka jana nilipochora mti wa ukoo, chini ya jina lake niliandika "mwenye jahazi". Kwa sasa nimeyaacha maneno hayo kama yalivyo.

Jina si letu peke yetu. Hapa Zanzibar kila mtu analijua kwa Shamsi Vuai Nahodha, aliyekuwa Waziri Kiongozi kuanzia mwaka 2000 hadi 2010. Gujarat kuna akina Nakhuda, pwani ya Konkan kuna akina Nakhwa, na Afrika Kusini, kwa wenye asili ya India, kuna akina Nakhooda. Sidhani hata kidogo kwamba sisi sote ni ndugu. Jina la kazi huzaliwa popote ilipo kazi, na kazi hii ilikuwapo kila bandari iliyopigwa na pepo za kaskazi na kusi.

13 Januari

Wiki nzima nimekaa na neno lenyewe.

Limetoka Uajemi. Ni maneno mawili yaliyounganishwa: nav, yaani chombo cha baharini, na khuda, yaani bwana au mwenye. Nav ni ya ukoo mmoja na nau ya Kisanskriti na navis ya Kilatini. Khuda ndiyo ileile ambayo Waajemi wa leo wanamwitia Mungu, lakini zamani ilitumika hata kwa bwana wa kitu tu. Mkubwa wa kijiji Uajemi aliitwa kadkhuda, bwana wa nyumba. Kwa hiyo nakhuda, neno kwa neno, ni mwenye chombo.

Ile dh yetu ndiyo iliyonishika zaidi. Mwajemi wa leo anasema nakhoda, kwa d. Mmalei anasema nakhoda, kwa d pia. Sisi tunasema nahodha, na Waarabu wa Ghuba wanasema nokhidha. Zamani Waajemi wenyewe waliitamka dh katika neno hilo, na Waarabu wakaliandika kwa herufi dhali. Uajemi sauti hiyo ikaja ikageuka d, lakini Uarabuni na kwetu pwani ikabaki. Kh ndiyo iliyolainika ikawa h, kama khabari ilivyokuwa habari. Kila mtoto wa Kiswahili anayesema "nahodha" vizuri, ulimi kati ya meno, anatamka sauti ambayo Tehran wameiacha karne nyingi zilizopita. Nimelirudia neno hilo peke yangu chumbani mara nyingi leo.

20 Januari

Leo nimesoma kuhusu barua za Geniza. Hizi ni karatasi zilizowekwa miaka mingi katika sinagogi la Ben Ezra huko Fustat, Cairo ya kale, kwa sababu Wayahudi hawakupenda kutupa karatasi ambayo huenda ina jina la Mungu. Mwishoni mwa karne ya 19 nyingi zilipelekwa Cambridge, na baadaye mwanahistoria S. D. Goitein akatumia sehemu kubwa ya maisha yake kuzisoma. Kati yake kuna barua za wafanyabiashara wa karne ya 11 na ya 12 waliosafiri kati ya Misri, Aden na India.

Humo manahodha wamejaa, na mara nyingi nahodha ni tajiri mwenye chombo, hata kama chombo kinaendeshwa na mtu mwingine. Kulikuwa na Mahruz bin Yakub wa Aden, Myahudi, nahodha. Zama hizohizo alikuwapo Ramisht wa Siraf, bandari ya Uajemi, aliyefariki mwaka 1140, tajiri wa merikebu ambaye utajiri wake ulimwezesha kuivisha Kaaba hariri ya China. Karne mbili baadaye msafiri Ibn Battuta alifika Calicut, India, akamkuta nahodha Mithqal, mwenye mali nyingi na vyombo vinavyofanya biashara hadi China, Yemen na Uajemi.

Nimefurahi sana. Nimeandika pembeni ya mti wa ukoo: nahodha ni mwenye chombo, maneno ya nyumbani ni kweli.

21 Januari

Nimerudi kwa sababu ya maandishi ya Somnath, pwani ya Gujarat, ya mwaka 1264. Nahodha mmoja wa Hormuz, Nuruddin Firuz, alijenga msikiti pale, mji wenye hekalu kubwa la Wahindu, akanunua ardhi kwa ridhaa ya wakubwa wa mji. Habari zikachongwa kwenye mawe kwa lugha mbili, Kiarabu na Kisanskriti. Yale ya Kisanskriti yanataja mwaka kwa hesabu nne: 662 wa Hijria, na 1320, 945 na 151 za kalenda za Kihindi, kila watu na hesabu yao. Yanaagiza pia ziada ya mapato ipelekwe Makka na Madina.

Nimesimama hasa kwenye cheo chake. Mwandishi wa Kisanskriti alikuwa na neno lake la kazi hiyo, nauvittaka, yaani mtu ambaye mali yake ni vyombo. Lakini kando yake anaandika pia nakhu, nahodha kwa mkato, kama sisi tunavyoandika "Bw." au "Dkt." Mtu hafupishi neno la kigeni analoliona mara moja kwa mwaka. Anafupisha neno analoliandika kila siku mpaka mkono umechoka. Kifupisho hicho kimoja kimenionyesha bandari ile ilikuwa na manahodha wangapi kuliko ambavyo hesabu ingenionyesha.

2 Februari

Mambo yamebadilika.

Abul Fazl, mwandishi wa mfalme Akbar wa India, mwishoni mwa karne ya 16 aliorodhesha watu wa chomboni, kila mmoja na kazi yake. Nahodha yuko wa kwanza, mwenye chombo na mwenye kuamua kinaelekea wapi. Anayefuata ni muallim, ajuaye nyota na njia. Huyu kwetu ni malimu. Yumo sarhang, msimamizi wa kuegesha chombo, kwetu serahangi. Yumo karrani, mwandishi wa hesabu za chombo, na huyu tunaye kila ofisi: karani. Nimeisoma orodha hiyo kama mtu anayesoma majina ya jirani zake.

Halafu nikafika kwa mtu anayeitwa nakhuda khashab. Khashab ni mbao au ukuni. Kazi yake ilikuwa kuwapatia abiria kuni na majani, na kusaidia kupakia na kupakua. Naye ni nahodha! Nahodha wa kuni. Kwa hiyo katika chombo kimoja watu wawili walibeba neno hilohilo, mmoja mwenye mali yote na mwingine mpeleka kuni jikoni. Mjukuu wa yeyote kati yao angeweza kurithi jina lilelile, na mti wa ukoo usingeonyesha tofauti.

Huko Melaka, bandari ya Wamalei, napo sheria za zamani za bahari zinamwita nakhoda kuwa ni kama mfalme akiwa chomboni. Mwenye usukani anawekwa mfano wa waziri wake. Hapo suala si nani kanunua chombo, suala ni nani anatiiwa maji yakichafuka.

Nimefuta maandishi ya pembeni ya tarehe 20. "Mwenye jahazi" bado sijayafuta, lakini nimeweka alama ya kuuliza.

3 Februari

Nimekosa usingizi kwa ajili ya yule malimu.

Mwaka 1498 Vasco da Gama alifika Malindi na akapewa pale mtu wa kumwongoza hadi India. João de Barros, Mreno aliyeandika habari hizo nusu karne baadaye, anamwita mtu huyo "Malemo Caná", Mwislamu wa Gujarat. Malemo si jina. Ni malimu, kazi yake. Mtu alivusha merikebu bahari nzima, na kilichobaki vitabuni ni kazi aliyoifanya, imeandikwa kwa herufi kubwa kama jina alilopewa na mama yake. Wataalamu wamebishana miaka mingi alikuwa nani hasa.

Sasa najiuliza kuhusu baba wa babu yangu. Mtoto mchanga wa Tumbatu aliitwa nani siku ya saba?

10 Februari

Nimekwenda bandarini Malindi ya mjini kwetu, asubuhi, majahazi yamefunga ubavu kwa ubavu. Moja lilikuwa linapakua mbao na vyungu. Siku hizi mengi yana mashine, lakini tanga bado limekunjwa juu, na harufu ni ileile: sifa, yaani mafuta ya papa, kwenye mbao, kamba zilizolowa, chai ya tangawizi kutoka kwenye jiko la chuma nyuma ya chombo.

Mzee mmoja alikuwa ameketi kwenye ubao akishona turubai kwa sindano kubwa na kipande cha ngozi kiganjani. Nikampa shikamoo, akaniitikia marahaba, nikamuuliza kama yeye ndiye mwenye chombo.

"Mwenye chombo tajiri," akasema. "Yuko mjini. Nahodha ni mimi."

Amelisema bila hata kuinua macho, kama mtu anayetaja siku ya wiki. Lakini mimi nilibaki nimesimama pale. Tajiri! Kwa Kiarabu tajir ni mfanyabiashara. Pwani kwetu neno hilo limekuja kuwa mtu mwenye mali, na chomboni ndilo jina la mwenye mali ile, huyo anayelipia na kuvuna. Katika barua za Fustat nahodha na mwenye mali alikuwa mara nyingi mtu mmoja. Kwetu wamegawanywa. Umiliki umepewa neno la Kiarabu, na neno la Kiajemi ambalo ndani yake limebeba "mwenye" limeachiwa mtu asiye na chombo, mwenye kazi na dhamana tu. Sijui kama kuna mahali pengine maneno hayo mawili yamesimama yakitazamana hivi, lakini hapa yamesimama kwenye gati moja, na mzee ameyatenganisha kwa sentensi tatu fupi.

Nikamuuliza malipo. Akanieleza: mapato yakitolewa gharama yanakatwa mafungu, chombo kina mafungu yake yanayokwenda kwa tajiri, na watu wana yao. Nahodha anapata zaidi ya baharia. "Na lawama anapata zaidi," akaongeza, akakata uzi kwa meno.

Na methali yetu inasema hivyohivyo. Manahodha wengi, chombo huenda mrama. Mrama ni kule kuyumba kwa chombo ubavu huu na ubavu huu. Matajiri wengi hawawezi kukiyumbisha, kwani hawamo ndani. Methali inamjua nahodha mmoja tu, yule aliyepo chomboni.

17 Februari

Mkokotoni, kwa bibi.

Bibi ni mkwe wa Nahodha. Aliolewa akiwa mdogo, akaishi nyumba moja na mkwewe kwa miaka michache kabla mzee hajafariki. Sasa hatoki nje sana, lakini akili yake ni nzima. Nilimwamkia, akaniambia kama kawaida yake, "Marahaba mume wangu, leo umenikumbuka mkeo." Nikakaa mkekani, nikamwacha anywe kahawa yake kwanza.

Nilimuuliza moja kwa moja. Jahazi lilikuwa la nani?

"La tajiri wa mjini. Nani kakwambia lilikuwa la mkwe wangu?"

Nikamwambia tunalisema wote, ami zangu wote wanalisema.

"Ami zako hawakuwapo. Chombo si chake. Chake yeye kasha lake na fungu lake."

Akanituma chumbani nikalivute kasha. Nimelijua kasha hilo tangu utotoni. Tulikuwa tukikatazwa kulikalia. Ni la msaji, limepigwa misumari ya shaba iliyopangwa duara mbele, na pembe moja ya chini imelika kwa maji ya chumvi mpaka mbao imekuwa kama kitambaa kilichopauka. Ndani, upande wa kushoto, kuna kisanduku chembamba chenye kifuniko chake. Bibi akasema humo mkwewe aliweka karatasi za shehena, za watu, si zake. Kwenye kasha kubwa aliweka bidhaa yake mwenyewe, kwa sababu desturi ilimruhusu nahodha na mabaharia kuchukua kitu kidogo cha kuuza bila kulipa nauli. Akienda Pangani anarudi na sukari guru kidogo. Akienda Pemba anarudi na karafuu za kujaza kasha, si chombo. Nikainamisha kichwa ndani na kunusa. Karafuu bado ipo, kwa mbali, chini ya harufu ya mbao kuukuu.

Ndipo nikauliza la pili. Nahodha lilikuwa jina lake?

Bibi akanitazama muda mrefu. Mke hatamki ovyo jina la mkwewe, na amelichunga ulimi wake miaka yote hii.

"Yule alikuwa na jina lake. Nahodha walimwita watu wa chomboni, na mji ukafuata. Babu yako alipopelekwa skuli, mwalimu akamuuliza baba yako nani. Mtoto akajibu alivyosikia watu wakiita: Nahodha. Ikaandikwa."

Ikaandikwa. Kwetu Zanzibar mtu anataja jina lake, la baba na la babu, na kwa kawaida kila kizazi kinasukuma jina moja nje. Jina la ukoo, lisilosogea, limeletwa na fomu. Babu alipopata cheti, Nahodha lilikuwa jina la baba. Baba yangu alipopata chake, likawa la babu. Kwangu lilipaswa kudondoka, lakini karani (yeye tena, yule wa Abul Fazl) aliliona limekaa mwisho kwenye karatasi ya baba akaliona ndilo la ukoo, akalibakiza.

Kisha bibi akainama, akanitajia sikioni jina alilopewa mtoto yule Tumbatu. Nimeliandika kwenye daftari la nyumbani. Hapa sitaliandika, kwa heshima ya jinsi nilivyolipewa.

24 Februari

Sikutaka kuliandika hili, lakini shajara ikichagua mazuri tu haina kazi.

Katika visa vya mabaharia vilivyokusanywa karne ya 10 kuna nahodha aitwaye Ismailawayh. Mwaka 310 wa Hijria, 922 kwa hesabu ya Kizungu, alitoka Oman kwenda Kanbalu, ambayo wengi wanaona ni Pemba, na upepo ukamtupa Sofala, Msumbiji ya leo. Mfalme wa pale akampokea vizuri, biashara ikaenda bila taabu. Siku ya kuondoka, mfalme na watu wake walipopanda chomboni kuaga, nahodha akawaza kwamba kijana huyu sokoni Oman atafika dinari 30. Akang'oa nanga akiwa naye ndani, akawauza. Kisa kinaendelea mpaka mfalme anatoroka, anarudi kwao, na miaka kadhaa baadaye nahodha yuleyule anatupwa tena pwani hiyo na kumkuta kwenye kiti chake. Mfalme akamsamehe.

Kiwe kimetokea hivyo au kimetiwa chumvi, waliokisimulia walijua nahodha wa namna hiyo. Biashara ya watu ilipita baharini humuhumu, mpaka Unguja, na kila chombo kilichowabeba kilikuwa na mtu aliyeitwa jina letu. Nimemwambia baba. Alinyamaza, kisha akasema liandike.

2 Machi

Binamu yangu aliye Muscat ameniletea ujumbe wa sauti. Jirani yake ni mzee wa Sur, bandari ya majahazi yaliyokuwa yakija kwetu na kaskazi, na wajukuu bado wanamwita nokhidha ingawa hajapanda chombo miaka mingi. Amemweleza pia kwamba upande wa Ghuba walikuwa na manahodha wa aina mbili, wa safari na wa kuzamia lulu. Yule wa lulu aliwatangulizia wazamiaji fedha kabla ya msimu, na wengi walibaki na deni lake mwaka hadi mwaka. Mtu akisema "babu yangu alikuwa nokhidha" Kuwait, watu wa zamani huuliza: wa safari au wa kuzamia?

Jioni mdogo wangu, ambaye anafuata mpira kuliko chochote, akanikumbusha tarehe 27 Juni 2019: Kenya 3, Tanzania 2, Kombe la Mataifa ya Afrika, nahodha Victor Wanyama upande huu na nahodha Mbwana Samatta upande huu. Mchezo ulichezwa Cairo, mji ambao barua za Mahruz zililala zaidi ya miaka mia saba. Nahodha huyu wa sasa hana chombo wala bahari, ana kitambaa mkononi. Lakini watu wanamtazama yeye mambo yakiharibika, kama alivyosema mzee wa gatini kuhusu lawama.

9 Machi

Nimechora mti upya, kwenye karatasi kubwa, kwa wino.

Mahali pa baba wa babu nimeandika jina lake la kuzaliwa. Chini yake: "aliyeitwa Nahodha, kwa kazi yake, aliongoza jahazi la tajiri wa mjini, Mkokotoni, Pemba, Pangani, Rufiji". Maneno "mwenye jahazi" yameondoka. Ami mkubwa hakupendezwa. Alisema nimempunguzia mzee heshima. Nilimwonyesha pembe ya kasha iliyolika kwa chumvi, nikamwambia tajiri hakulowa. Hakunijibu, ila alichukua karatasi akaisoma tena toka juu, akasahihisha jina la shangazi mmoja nililokuwa nimelikosea, akanirudishia.

Bado tawi la Tumbatu liko tupu. Bibi amenitajia mtaa na nyumba ya kuulizia. Navuka Jumamosi, maji yakijaa.